Meiko Kaji: Ukimya Uliojenga Nyota

Mwaka 1972 studio ya Toei ya Japani ilimwita mwigizaji Meiko Kaji amwigize Matsu, mfungwa wa kike anayejulikana kwa jina la Sasori, yaani Nge. Katika manga ya Toru Shinohara, chimbuko la filamu hiyo ya Sasori, Matsu ana mdomo mchafu. Kaji aliyakataa matusi yale, akataka Matsu awe mkimya. Mwongozaji Shunya Ito alikubali, na hapo ndipo alipozaliwa mmoja wa mashujaa wakubwa wa filamu za kisasi.

Ukimya huo una kazi. Shujaa akieleza uchungu wake, mtazamaji hupokea tu. Matsu haelezi. Mpenzi wake, askari kanzu, anamsaliti, gerezani anateswa, naye anakaza macho. Ito anasogeza kamera hadi uso unajaa kwenye skrini, nasi tunalazimika kumsoma: hii ni hasira, au anapima wakati wa kupiga?

Kaji, mzaliwa wa Tokyo mwaka 1947, alianza kazi katika studio ya Nikkatsu mwaka 1965 kwa jina lake halisi, Masako Ota. Mwaka 1970 alivuma katika mfululizo wa Nora-neko Rokku, filamu za magenge ya wasichana. Mwaka uliofuata Nikkatsu, ikiwa imebanwa kifedha, iligeukia filamu za ngono. Kaji akaondoka.

Baada ya Sasori ikaja filamu ya Shurayukihime, mwaka 1973. Shujaa wake, Yuki, amezaliwa gerezani ili alipize kisasi cha mama yake, na upanga wake umefichwa ndani ya mwavuli. Mtazameni kwa makini. Chuki ya Matsu ni yake mwenyewe, kwa hiyo macho yake yanawaka. Ya Yuki ni ya kurithi, na macho yake ni baridi, ya mtu anayetimiza wajibu ambao hakuuchagua. Nyimbo za filamu hizi, alizoziimba Kaji mwenyewe, Quentin Tarantino alizitumia katika filamu zake za Kill Bill.

Anayedhani Kaji alinyamaza kwa kukosa uwezo wa kusema, aitazame filamu ya Sonezaki Shinju ya mwongozaji Yasuzo Masumura, ya mwaka 1978. Humo anaongea kwa moto tangu mwanzo hadi mwisho, na jarida la Kinema Junpo lilimtunuku tuzo ya mwigizaji bora wa kike. Ufundi huo ulikomaa katika filamu za magenge, magereza na mapanga, ambazo wengi huzipuuza. Zinastahili kutazamwa kwa heshima ileile.