Je, Wajua Kinachoiua Tochi Yako?

Muuza tochi wa Kariakoo ana jaribio moja tu. Anabonyeza swichi, anamulika ukuta wa ghorofa la ng'ambo mchana kweupe, doa linaonekana, mteja anaitikia kwa kichwa, hela inatoka. Hakuna aliyeuliza ndani mna betri gani. Hakuna aliyeuliza inachajiwaje. Miezi michache baadaye tochi hiyohiyo imo kwenye droo pamoja na rimoti za televisheni ambazo hazipo tena nyumbani, na mwenyewe anakwambia, "LED zimeungua." Hapo ndipo ninapoudhika, kwa sababu mara nyingi LED ni nzima kabisa.

LED nyeupe si kitu cha kufa ovyo. Kwa asili ni taa ya buluu iliyofunikwa unga wa manjano. Mwanga wa rangi hizo mbili ukichanganyika, jicho linaona weupe. Buluu hiyo ilisumbua wanasayansi kwa miaka mingi, na ndiyo iliyowapa Isamu Akasaki, Hiroshi Amano na Shuji Nakamura Nobeli ya Fizikia mwaka 2014. Ikipewa mkondo unaoistahili, huwaka kwa maelfu ya saa. Kinachotangulia kufa ni betri, tena haifi kwa uzee.

Chukua moja ya zile tochi za plastiki zenye plagi ya kuchomoza ubavuni. Hakikisha haiko kwenye umeme, kisha legeza skrubu. Utakuta kiboksi kizito kilichoandikwa 4V, na kando yake kibao cha saketi kisichozidi upana wa vidole viwili: dayodi nne, rezista mbili tatu, na kapasita moja nono ya rangi nyekundu au manjano. Basi. Transfoma hakuna. Chipu ya kusimamia chaji hakuna. Kile kiboksi ni betri ya risasi na asidi, ukoo mmoja na betri ya gari, na ile kapasita ndiyo chaja yote.

Inavyofanya kazi ni ujanja ambao, pamoja na hasira zangu, siachi kuusifu. Umeme wa ukutani wa volti 230 hukamilisha mizunguko 50 kila sekunde. Kapasita haiuachii upite moja kwa moja. Inajazwa na kumwagwa, inajazwa na kumwagwa, na katika kila mzunguko huvusha kiasi kilekile kidogo. Kapasita ya mikrofaradi 1 huvusha takriban miliampea 70. Dayodi nne zinaunyoosha mkondo huo uelekee upande mmoja, unaingia kwenye betri. Hakuna joto la maana na gharama ni ndogo sana. Tatizo ni kwamba kapasita haina habari na hali ya betri. Betri ikiwa tupu inapewa 70, ikijaa inapewa 70, ikisahaulika ukutani kuanzia Ijumaa hadi Jumatatu inapewa 70, mfano wa bomba linalojaza pipa lisilo na boya. Umeme uliokosa pa kukaa unaanza kuyapasua maji yaliyomo kwenye asidi kuwa hidrojeni na oksijeni, gesi inapenya kupitia vifuniko vya mpira, na betri inakauka taratibu. Ukiitoa utaona ubavu umevimba.

Aliyeonywa asiache tochi ukutani naye anaiua kwa njia nyingine. Anaitumia hadi inazima, anaiweka kabatini, anangoja siku umeme utakapokatika. Betri ya risasi ikitoa chaji, sahani zake zote mbili hugeuka kuwa salfeti ya risasi. Ukiichaji mapema, salfeti inarudi ilikotoka bila shida. Ukiiacha wiki kadhaa, fuwele zake zinakua na kukakamaa hadi chaja haiwezi tena kuzirudisha. Mwenye tochi anachomeka, kitaa chekundu kinawaka, asubuhi anabonyeza swichi anapata dakika tano za mwanga hafifu. Kitaa chekundu hakikumdanganya: kilichomaanishwa ni kwamba umeme upo ukutani, si kwamba betri imeupokea.

Kuna la hatari zaidi. Kwa kuwa hakuna transfoma ya kutenganisha, tochi ikiwa kwenye soketi, saketi yake yote pamoja na vichwa vya betri imeunganika na umeme wa nyumba. Ganda likipasuka, au mtoto akichokoa tundu kwa msumari, aliyegusa atapigwa na umeme. Hata ukishaichomoa, kama mtengenezaji hakuweka rezista ya kumwaga chaji inayobaki kwenye kapasita, miguu ya plagi inaweza kukurusha.

Na betri ikishakufa inakwenda wapi? Jalalani, au kwa wanaonunua vyuma chakavu. Wapwani hawana udhuru wa kutojua risasi hufanya nini. Owino Uhuru, Mombasa, kiwanda cha kuyeyusha betri kuukuu za magari kilifanya kazi katikati ya makazi ya watu hadi kilipofungwa mwaka 2014. Phyllis Omido, aliyewahi kuajiriwa hapo, aliongoza madai ya wakazi na akapewa Tuzo ya Goldman mwaka 2015. Mahakama iliwapa wakazi fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya mwaka 2020, ikapinduliwa kwenye rufaa, na Mahakama ya Juu ikairudisha mwishoni mwa 2024. Zile zilikuwa betri za magari, lakini risasi ya tochi ni risasi ileile, na mwanya wake ni mkubwa zaidi: betri ya gari ina thamani ya kurudisha mtu kwa fundi, ya tochi haimrudishi mtu popote. Bidhaa inayoingia nchini ikiwa na uhai wa miezi michache na sumu ndani yake ilipaswa kuulizwa maswali bandarini. Haiulizwi.

Sasa tuje kwenye tochi ya kubeba kila siku. Ninayoizungumzia ni ya alumini, urefu wa kiganja au pungufu, ina klipu ya kuishika mfukoni, na ndani yake mna betri ya lithiamu unayoweza kuitoa kwa mkono. Hilo la kuitoa kwa mkono ndilo sharti langu la kwanza, na nalishikilia hata mbele ya tochi nzuri zaidi iliyofungwa kwa gundi. Iliyofungwa ina umri wa betri yake. Inayofunguka inabadilishiwa betri.

Betri yenyewe inajulikana kwa namba. 18650 ina kipenyo cha milimita 18 na urefu wa milimita 65, na ile sifuri ya mwisho inasema ni ya duara. Ndiyo hiyohiyo inayopatikana kwenye pawabenki nyingi na kompyuta mpakato za zamani, na mafundi wa simu wanaijua. Kwa mfuko mdogo iko 14500, yenye umbo la betri ya AA ya rimoti, ila usiidhanie ni sawa nayo: ya rimoti ina volti 1.5, hii ikijaa ina 4.2, na ukiitia kwenye kifaa kisichoihitaji utakichoma.

Hapa uongo wa sokoni umevuka mpaka. Betri za 18650 zilizo bora huishia kwenye chaji ya karibu mAh 3500, nyingi ni pungufu ya hapo. Halafu unakuta imeandikwa 9900 kwa herufi za dhahabu. Kuna zilizopasuliwa zikakutwa na kibetri kidogo katikati na unga wa kujazia pembeni. Huhitaji kuipasua. Iweke kwenye mizani ya duka la viungo: halisi huwa na gramu 45 hadi 50. Ikija na 25, muuzaji amekuuzia ganda. Anayekuuzia tochi ya "lumeni 100,000" yenye betri ya aina hiyo anastahili kuulizwa, mbele za watu, hizo lumeni zinatoka wapi.

Na lumeni zenyewe, kile kipimo cha mwanga, zinatisha bure. Jicho letu halijumlishi mwanga kama pesa. Ili kitu kionekane kinang'aa maradufu, unahitaji mwanga wa karibu mara nne. Tofauti ya 800 na 1000 hutaiona. Tena kitochi cha ukubwa wa kidole kikiwashwa kwa lumeni 1000 kinapata moto, na saketi nzuri inaupunguza mwanga wenyewe baada ya dakika moja au mbili kabla hakijakuunguza. Watu huita hiyo ni kasoro. Isiyojipunguza ndiyo yenye kasoro.

Kipimo cha umbali nacho kina siri yake. Kanuni ya FL1 inayotumiwa na watengenezaji makini huhesabu umbali hadi pale mwanga unapobaki wa mbalamwezi pevu, robo ya luksi. Tochi ya "mita 100" basi haikuonyeshi uso wa mtu kwenye mita 100. Inakuonyesha kwamba kuna kitu. Kwa kutambua ni nani au ni mnyama gani, gawa kwa mbili au zaidi. Muda wa kuwaka nao huhesabiwa hadi mwanga ushuke kuwa asilimia 10 ya ulioanza nao, kwa hiyo soma "saa nane" ukiwa umekaa.

Mimi huanzia upande wa pili: mwanga wake mdogo kabisa ni kiasi gani? Tochi inayoshuka hadi lumeni moja au chini ya hapo ndiyo utakayoitumia kila usiku, kumtazama mtoto aliyelala au kutafuta kitasa bila kuamsha nyumba nzima, na macho yako yatabaki yamezoea giza. Mazoea hayo huchukua hadi nusu saa kujengeka, na mmuliko mmoja mkali unayafuta.

Kuhusu tundu la kuchajia la Type-C, kuna mchezo mmoja wa kuudhi. Ukichomeka waya wenye Type-C pande zote mbili, chaja haitoi umeme hadi ihisi rezista mbili ndogo za kiloohm 5.1 upande wa tochi. Watengenezaji wengine hawaziweki, pengine kwa kuokoa senti. Tochi inachaji kwa waya wa zamani wenye kichwa kipana, kwa waya mpya haichaji, na mnunuzi anarudi dukani akidai imekufa. Nenda na chaja yako ya simu, ijaribu palepale. Kwa maji, tochi yenye alama ya IPX4 inavumilia mvua. IPX7 inavumilia kuzama mita moja kwa nusu saa, na mtu wa ngalawa asishuke chini ya hiyo.

Waliokulia kwenye tochi za betri kavu wana mazoea yao: kuanika betri juani ipate nguvu kidogo, au kuiuma. Jua kweli lilisaidia, joto linaamsha kemia iliyobaki ndani. Lithiamu usiianike, usiiume, usiiache kwenye dashibodi ya gari Dodoma mwezi wa Oktoba. Ikitobolewa au ikipata joto kupita kiasi inaweza kuwaka moto ambao huuzimi kwa kupuliza.

Matumizi msomaji anayajua: mgao wa umeme, choo cha nje, kifutu anayejilaza njiani na hasogei hata ukimkaribia, bodaboda iliyopasukiwa tairi, mkunga wa zahanati, mita ya Luku iliyofichwa nyuma ya mlango, mlinzi, kumbikumbi. Simu inaweza baadhi ya hayo, ila usiku barabarani kuitoa simu mfukoni ni kumwonyesha kibaka ilipo, na chaji unayoiteketeza kwa mwanga ndiyo uliyoihitaji kupiga.

Ukiinunua tochi ya lithiamu, usiihifadhi ikiwa tupu wala ikiwa imejaa pomoni; nusu na kidogo inatosha, uikumbuke kila baada ya miezi michache. Na kabla ya kuitia mfukoni au kwenye begi la safari, legeza kifuniko cha nyuma kwa robo mzunguko. Nyingi za alumini hukata umeme hapo, na haitajiwasha ndani ya nguo na kuunguza kitambaa ukiwa umesinzia kwenye basi.