Funzo la Mtunzi Ifukube

Wako wanaodhani kwamba muziki wa sinema ni pambo tu, kama udi ufukizwao ukumbini ili wageni wastarehe. Sisi hatukubaliani na rai hiyo, na ushahidi wetu ni maisha ya Mjapani Akira Ifukube, aliyezaliwa mwaka 1914 katika kisiwa cha Hokkaido na kufariki mwaka 2006.

Ifukube hakusomea muziki chuoni. Alisomea misitu, akawa ofisa wa misitu, na muziki akajifunza mwenyewe. Lakini tangu utotoni alizisikia nyimbo na ngoma za Waainu, wenyeji wa asili wa kisiwa hicho, ambao serikali ya wakati ule iliwashurutisha waache lugha na mila zao. Huku wakubwa wa muziki mjini Tokyo wakiwafuata Wajerumani, yeye alijenga utunzi wake juu ya sauti za kwao. Mwaka 1935 "Rapsodi ya Kijapani" ikampatia tuzo ya Tcherepnin, iliyoamuliwa mjini Paris.

Wakati wa vita alichunguza mbao kwa mionzi bila kinga ya kutosha, akaugua, akaiacha kazi ya misitu. Mwaka 1947 alitunga muziki wake wa kwanza wa sinema. Na katika uhai wake alitungia sinema zaidi ya 250.

Ikumbukwayo kuliko zote ni Godzilla ya mwaka 1954. Tarehe 1 Machi mwaka huo Marekani ililipua bomu la haidrojeni huko Bikini, katika Bahari ya Pasifiki. Majivu yake yakawaangukia wavuvi 23 wa Kijapani waliokuwa wakitafuta riziki yao, na mmoja wao akafariki mwezi Septemba. Dude la sinema hiyo laamshwa na mabomu ya namna hiyo. Mngurumo wake ulipatikana kwa kusugua nyuzi zilizolegezwa za kontrabasi kwa glavu ya ngozi iliyopakwa utomvu wa msonobari. Tena Ifukube hakutosheka na kutisha: alitunga pia wimbo wa kuomba amani, uimbwao na wasichana baada ya mji kuteketea. Hilo, kwetu sisi watu wa bahari, si pambo.

Mwaka 1976 mtu huyu asiyepita chuo cha muziki alifanywa mkuu wa Chuo cha Muziki cha Tokyo. Ama Waainu, sheria ya kuwatambua kuwa wenyeji wa asili ilipitishwa mwaka 2019, wakati wasemaji wa lugha yao wamekwisha kuwa wachache mno.

Funzo li wazi. Mwacha asili ni mtumwa, lakini asili hailindwi kwa methali. Ofisa aliyekabidhiwa utamaduni hana budi kuwafuata wazee vijijini na kuzihifadhi nyimbo zao wangali hai, kwani sheria ijayo baada ya maziko haimrudishi mwimbaji.