Kahama ipi unayoisema?

Ukitoka Mwamgongo kuelekea kusini unaingia Hifadhi ya Gombe. Upande huo wa kaskazini kuna bonde la Mitumba. Kijito chake? Mitumba. Sokwe wa huko je? Kundi la Mitumba. Jina moja, vitu vitatu!

Sasa hebu fikiria mtu kaandika kwenye daftari: "Sokwe mgonjwa, Mitumba." Yuko bondeni, au ni wa kundi hilo ila kavuka mlima? Utamtafuta wapi? Bonde halitembei, sokwe anatembea.

Kahama ndiyo inafundisha zaidi. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 kundi la Kasekela liligawanyika, na waliobaki kusini wakaitwa kundi la Kahama, kwa jina la bonde lao. Kati ya 1974 na 1978 wenzao wa zamani waliwashambulia mpaka kundi likaisha. Bonde bado lipo. Tena kuna Kahama nyingine kabisa, mji wa mkoani Shinyanga.

Kwa hiyo ukirekodi data, ongeza neno moja tu: bonde, kijito, kundi au mji. Atakayesoma daftari lako miaka 50 ijayo hatakuwa na wa kumuuliza.