Tuliyoyanyamazia Yasemwa na Televisheni

Wazazi wenzetu wa Karagwe na Kyerwa,

Mwaka 1983 wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI kutambuliwa katika Tanzania walikuwa wa mkoa wetu huu wa Kagera. Tulizika vijana, tukalea mayatima, wala mbele ya watoto hatukuyataja maradhi yale, tukidhani kunyamaza ndiyo heshima.

Mwaka 2009 ukatokea mchezo wa televisheni uitwao Shuga, uliotengenezwa Nairobi, ambamo Lupita Nyong'o alikuwa mmoja wa wachezaji. Waonyesha vijana wakistarehe na kuzini, kisha wakiogopa kwenda kupimwa damu. Siku moja tuliwakuta watoto wa chuo chetu wakiutazama kwa jirani, tukaamrisha uzimwe. Mmoja akatuuliza kwa adabu, "Maalim, basi haya utatufundisha wewe lini?" Tukakosa jawabu.

Michezo hiyo yaonyesha mengi yasiyofaa macho ya mtoto, nayo haifundishi toba. Lakini Qurani imetukataza hata kuikaribia zinaa. Mtoto ataiepukaje njia asiyoonyeshwa? Tangu siku ile twakaa na wakubwa wao baada ya Isha, tukayaeleza kwa majina yake. Nanyi majumbani fanyeni hivyo, kabla hawajauliza kwingine.

Wabillahi tawfiki.