Lauryn Hill: Mtoto Mkononi, Albamu Kichwani

Umewahi kuambiwa na watu wako wa karibu kwamba ukizaa sasa hivi kazi yako ndiyo basi tena? Kama jibu ni ndiyo, kisa cha mwanadada Lauryn Hill kinakuhusu.

Mwaka 1996 kundi la Fugees lilikuwa linatesa ile mbaya. Albamu yao ya pili, The Score, iliuza mamilioni ya nakala, na mwaka uliofuata Lauryn, Wyclef Jean na Pras wakaondoka na Grammy mbili. Kwa nje raha tupu, ila ndani hakukukalika. Lauryn na Wyclef walikuwa wapenzi, na Wyclef alikuwa mume wa mtu. Penzi likafa, na kundi nalo likayumba.

Lauryn akaanza maisha mapya na Rohan, mtoto wa Bob Marley, akapata ujauzito. Hapo wakajitokeza washauri: angalia kazi kwanza, mtoto atakuja baadaye! Akawasikiliza, kisha akafanya la moyoni mwake. Zion alizaliwa Agosti 1997, mama yake akiwa na miaka 22.

Badala ya kukauka, nyimbo zikamiminika. Alirekodi New York na pia Tuff Gong, studio ya Bob Marley kule Kingston, Jamaika. The Miseducation of Lauryn Hill ikatoka Agosti 25, 1998, na ndani yake kila ladha ipo. Kwenye "Lost Ones" anachana mistari kwa hasira juu ya mdundo wenye harufu ya rege. "Ex-Factor" ni soul ya mtu aliyeumizwa na bado anapenda. "To Zion" ni shukrani kwa mwanawe, huku Carlos Santana akipapasa gitaa. Kati ya wimbo na wimbo unasikia watoto darasani wakijadiliana na mwalimu mapenzi ni nini. Swali dogo, lakini wangapi kati yetu tunaweza kulijibu?

Wiki ya kwanza pekee iliuza nakala zaidi ya 420,000 Marekani. Februari 1999 Lauryn akabeba Grammy tano kwa usiku mmoja, ikiwemo ya Albamu ya Mwaka, tuzo ambayo hakuna albamu ya hip hop iliyokuwa imewahi kuipata.

Lakini si yote yalikuwa asali. Wanamuziki wanne waliofanya naye kazi walimpeleka mahakamani wakidai hawakutajwa ipasavyo kama watunzi na watayarishaji. Kesi ilimalizwa nje ya mahakama mwaka 2001. Hapo kuna somo kwa wewe unayeanzisha biashara na washkaji: urafiki ni urafiki, ila makubaliano yawe kwenye karatasi.

Mpaka leo hajatoa albamu nyingine ya studio akiwa peke yake. Hiyo moja, hata hivyo, ilipofika 2021 ilithibitishwa Marekani kuwa imevuka kiwango cha nakala milioni kumi.

Na yule mtoto aliyesemwa kuwa atamharibia kazi ndiye aliyempa wimbo ambao akina mama wengi wanauona kuwa wao. Jioni moja zimeni simu, kaeni wewe na mwenzi wako, muisikilize albamu yote. Halafu mjadiliane lile swali la darasani.