Kicheko cha King Majuto na ishu ya mikataba

Kama ulikulia Ngokolo enzi za vibanda umiza, sura ya King Majuto unaijua. Jina lake hasa Amri Athumani, mzaliwa wa Tanga, 1948. Alianza jukwaani miaka ya 1950 akiwa bado mtoto, zamani mno kabla ya filamu za Bongo. Ndiyo maana hakuhitaji maneno mengi: akinuna tu, watu hoi!

Pesa sasa. Msanii akiuza kazi kwa malipo ya mara moja, hata irudiwe mara mia hapati tena kitu. Mwaka 2018, Majuto akiwa mgonjwa, mikataba yake ya matangazo ilizua mjadala, na Waziri Harrison Mwakyembe akaunda kamati kupitia mikataba ya wasanii. Majuto alifariki Muhimbili, Agosti 8 mwaka huohuo.