Fomu ya Hosi Inasema Mshipa wa Moyo Unaweza Kutoboka? Chanuka Kabla Mzae Asaini

Daktari amesema mzae ako na mshipa wa moyo umebana na anataka kumwekea stenti. Kabla aingizwe ndani, mnaletewa fomu ya kusaini. Imeorodhesha vitu vinaweza kwenda mrama: kuvuja damu, figo kusumbua, kiharusi, na hapo katikati, "kutoboka kwa mshipa wa moyo".

Hapo ndio roho za wasee wengi hudunda. Kuna wenye husaini bila kusoma, na kuna wenye hubeba mzae wakarudi naye keja. Zote mbili ni noma. So wacha tuibonge hii stori polepole, ndio siku ikifika kwenu usikuwe umepotea.

Kwani huko ndani hufanyika nini?

Moyo ni pampu, lakini nayo lazima ilishwe. Kazi hiyo inafanywa na mishipa inayotoka tu pale damu inapoachia moyo. Ile mikubwa ina upana wa kama milimita 3 hadi 4, yaani ni myembamba kuliko mrija wa soda. Mafuta yakijipaka ndani, na kalsiamu ikiyafanya magumu kama simiti, njia inabana. Mzae akipanda ngazi tu, kifua kinafinya.

Kuifungua, daktari hapasui kifua. Anadunga mshipa wa mkononi karibu na kiganja, ama ule wa kinena, kisha anaingiza mrija mrefu unaoitwa katheta hadi kwa moyo. Kawaida mgonjwa huwa macho, ganzi ni ya pale pamedungwa tu. Anamwaga dawa inayoonekana kwa eksirei ndio acheki penye pamebana. Halafu anapitisha waya wa milimita 0.36, na juu ya huo waya anatelezesha baluni. Baluni inafura, inasukuma uchafu kando, na stenti, ambayo ni kijineti cha chuma, inabaki hapo ikishikilia njia.

Hii kitu si ya jana. Mwaka wa 1929, daktari Mjerumani Werner Forssmann alijiingizia katheta mwenyewe kupitia mkono hadi kwa moyo, kisha akatembea hadi kwa eksirei kuthibitisha. Baluni ya kwanza kwa mshipa wa moyo wa mgonjwa akiwa macho iliwekwa na Andreas Grüntzig huko Zurich, Septemba 1977. Sai ni kazi ya kila siku kwa hospitali za moyo duniani.

Sasa shimo hutoka wapi?

Kuna njia tatu kubwa.

Ya kwanza ni waya. Ncha yake ikienda mbali sana, inaingia kwa katawi kadogo na kukadunga. Shimo ni dogo lakini ni la ujanja, utaona mbele kwa nini.

Ya pili ni baluni ama stenti. Baluni hujazwa presha ya kama 12 hadi 20 ukipima na ile ya hewa ya kawaida. Gurudumu la gari ndogo huwa na kama 2 tu. Ikiwa baluni ni kubwa kuliko mshipa, ukuta unapasuka. Ama upande mmoja wa mshipa uko na kalsiamu ngumu na ule mwingine ni laini: ule mgumu unakataa kusonga, ule laini unavutwa peke yake hadi unararuka.

Ya tatu ni mashine ya kukwangua. Mshipa ukiwa mgumu sana, daktari hutumia kichwa kidogo chenye chembe za almasi kinachozunguka zaidi ya mara 140,000 kwa dakika. Inasaidia sana, lakini ukuta uko hapo tu kando.

Wenye wako kwa hatari zaidi ni wazee, wanawake, wenye mishipa imejipinda ama imejaa kalsiamu, na wenye mshipa umezibwa kabisa kwa muda mrefu. Kwa jumla, kati ya watu 1,000 wanaofunguliwa mishipa hivi, wenye hupata shimo ni kama 2 hadi 6. Kwa mshipa uliozibwa kabisa, hiyo namba inapanda mara kadhaa. Kama mzae anaenda tu kupigwa picha bila kufunguliwa, hatari ni ndogo zaidi.

Mbona shimo dogo liwe balaa?

Moyo umevalishwa mfuko. Ndani ya huo mfuko kuna maji kidogo, vijiko vichache tu, ya kufanya moyo uteleze vizuri ukidunda. Shida ni kwamba huo mfuko hauvutiki haraka.

Damu ikimwagika humo kwa mbio, hata mililita 200 zinaweza kutosha kufinya moyo. Hiyo ni chini ya soda ya chupa ya 300. Moyo unajaribu kufunguka upokee damu, unakosa nafasi, presha inaanguka. Madaktari huiita tamponadi, na bila msaada msee anaweza kuenda kwa dakika chache. Lakini maji yakiingia polepole kwa wiki kadhaa, mfuko huo huo unaweza kujivuta hadi ukabeba lita moja. Kwa hivyo usiulize tu damu ni ngapi. Uliza inatoka kwa kasi gani.

Ndio maana mashimo hayafanani. Tangu 1994 madaktari huyapanga kwa ngazi tatu. Ya kwanza ni mkwaruzo, damu haijatoka nje, na mara nyingi hutulia. Ya pili damu inajipaka kidogo. Ya tatu shimo limefika milimita 1 ama zaidi na damu inamwagika waziwazi. Hiyo ndio kila mtu kwa chumba anachangamka.

Daktari hufanya nini hapo?

Kwanza, ile baluni iko ndani inafuriswa pale pale kwa shimo, kwa presha ya chini, ndio izibe. Lakini kuna bei ya kulipa: damu ikizuiwa, sehemu ya moyo iliyo mbele inakosa chakula. So wanahesabu dakika, wanaachilia kidogo, wanaangalia, wanaziba tena.

Kuna kichwa ngumu kingine. Mgonjwa alikuwa amepewa heparini ndio damu isigande kwa waya. Sasa hiyo dawa inafanya shimo livuje zaidi. Iko dawa ya kuikata, inaitwa protamini, lakini wakiiharakisha vyuma vikiwa bado ndani, damu inaweza kuganda na kuziba mshipa wote.

Baluni ikishindwa, kuna stenti iliyovalishwa kitambaa maalum. Inaziba shimo kwa ndani, kama vile fundi wa pancha anabandika kiraka kwa tyubu. Kama shimo liko kwa katawi kadogo huko mwisho, wanaweza kukaziba na waya mdogo uliojikunja, ama na mafuta kidogo ya mgonjwa mwenyewe yaliyotolewa chini ya ngozi. Eeh, mafuta yake mwenyewe yanamwokoa.

Na kama damu imejaa kwa mfuko, wanadunga sindano chini ya mfupa wa kifua na kuifyonza. Mara nyingi presha inapanda papo hapo. Upasuaji ni wa mwisho, yote yakikataa.

Hatari ya masaa ya baadaye

Unakumbuka lile shimo la waya? Linaweza kuvuja polepole bila mtu kuliona. Mzae anatoka akiwa fiti, anaitisha chai, na masaa baadaye akiwa wodini ndio presha inaanguka. Hapo wewe uliyekaa kando ya kitanda unaweza kuwa wa kwanza kuona.

Cheki hizi dalili: kizunguzungu, jasho baridi, pumzi fupi, kifua kuuma upya, moyo kuenda mbio, ama mzae kuanza kubonga vitu hazieleweki. Ita nesi hapo hapo. Kama mko kejani, rudini hosi, si kumpa panadol alale. Na asiache dawa za kuzuia damu kuganda bila kuongea na daktari, ju stenti mpya inaweza kuziba.

Maswali ya kuuliza kabla kalamu ishike karatasi

1. Hii ni ya haraka ama inaweza kungoja? Kama ni shambulio la moyo, kila dakika misuli inakufa, na kukataa kufunguliwa kwa kawaida ni hatari kuliko shimo. Kama ni maumivu ya kawaida ya kupanda ngazi, uliza kama dawa zinaweza kujaribiwa kwanza.
2. Mshipa wake ni mgumu, ama umezibwa kabisa?
3. Stenti ya kuziba shimo iko hapa ndani, ama itaagizwa?
4. Daktari wa kupasua moyo yuko hapa? Kama hayuko, mtampeleka wapi na kwa gari gani?
5. Usiku wa leo nani atakuwa anapima presha yake?

Swali la 3 na la 4 ni muhimu sana huku kwetu. Vyumba vya katheta Kenya haviko kila kaunti, na familia nyingi husafiri kutoka ocha kuvifikia. Kama umetoka mbali hivyo, uko na haki ya kujua kama wamejipanga.

Daktari mzuri hatakasirika ukiuliza. Atakuchorea hata kwa karatasi. Rusha hii kwa grupu ya familia leo, mzae akiwa bado anatembea mwenyewe, ju siku ya fomu hakuna mtu huwa na akili ya kusoma.